Denys Finch Hatton
Denys George Finch Hatton (London, 24 Aprili 1887 – Voi, Kenya, 14 Mei 1931) alikuwa mwanamichezo wa ridhaa, mwindaji na rubani kutoka Uingereza aliyeishi Afrika Mashariki wakati wa ukoloni. Anakumbukwa pia kama mmoja wa wawindaji waliopinga kuua wanyama ovyo katika Serengeti.

Maisha ya awali
Alikuwa mtoto wa pili wa kiume wa Henry Finch-Hatton, Earl wa 13 wa Winchilsea, na mkewe Anne Codrington, binti wa admirali. Kwa desturi ya Uingereza cheo na ardhi ya familia vilimwendea kaka yake mkubwa, Guy, hivyo Denys alilazimika kujitafutia riziki yake.

Alisoma Eton, ambako alicheza katika timu ya kriketi ya shule na pia aina za mpira zinazochezwa shuleni hapo tu. Alipenda vilevile muziki na ushairi. Baadaye alijiunga na chuo cha Brasenose, Oxford, akawa mchezaji wa gofu wa chuo kikuu. Masomoni hakufanya vizuri, akamaliza kwa daraja la chini. Siku hizo vijana wa tabaka lake walicheza bila malipo, na wengi wao walikwenda kwenye makoloni baada ya masomo.

Afrika Mashariki
Mwaka 1911 alifika Afrika Mashariki ya Kiingereza (leo Kenya), akanunua ardhi karibu na Eldoret. Hakukaa sana shambani. Alijishughulisha zaidi na biashara na uwindaji.

Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza alijiunga na kikosi cha skauti cha rafiki yake Berkeley Cole. Baadaye alikuwa msaidizi wa Jenerali Reginald Hoskins katika mapigano dhidi ya Wajerumani, akapewa nishani ya Military Cross. Alimfuata jenerali huyo hadi Mesopotamia, kisha akajifunza urubani nchini Misri.

Mwaka 1918 alikutana na Karen Blixen, mwandishi kutoka Denmark aliyekuwa na shamba la kahawa chini ya vilima vya Ngong. Baada ya Blixen kuachana na mumewe mwaka 1925, nyumba ya shambani ikawa makao ya Finch Hatton alipokuwa hayuko safarini. Alikuwa pia na nyumba huko Takaungu, kwenye pwani ya kaskazini ya Mombasa.

Uwindaji na hifadhi
Kuanzia mwaka 1925 aliongoza matajiri katika safari za kuwinda. Mwaka 1928 na tena 1930 alimwongoza Edward, mwana wa mfalme wa Uingereza, aliyekuja kuwa mfalme Edward VIII.

Miaka hiyo motokaa zilikuwa zimewawezesha wageni kufika haraka katika mbuga za Tanganyika, na baadhi yao walipiga simba risasi wakiwa wameketi garini. Finch Hatton alilaani tabia hiyo katika gazeti la The Times la London na kudai sheria kali zaidi. Aliwahimiza wateja wake kupiga picha badala ya risasi. Hata hivyo hakuacha uwindaji: aliendelea kutafuta tembo kwa ajili ya wateja.

Kifo
Mwaka 1930 alipata ndege ndogo aina ya Gipsy Moth, akaanza kuitumia kutafuta makundi ya tembo kutoka angani. Mwezi Mei 1931 aliruka hadi pwani, kisha Voi. Beryl Markham, rubani mashuhuri, aliandika baadaye kwamba alialikwa katika safari hiyo lakini hakwenda.

Asubuhi ya tarehe 14 Mei ndege iliruka kutoka Voi, ikaanguka muda mfupi baadaye na kuwaka moto. Finch Hatton alifariki akiwa na umri wa miaka 44, pamoja na mtumishi wake Mkikuyu, Kamau. Finch Hatton alizikwa kwenye vilima vya Ngong, na kaka yake akajenga mnara juu ya kaburi. Habari za Kamau hazikuandikwa kwa kiasi hicho.

Kumbukumbu
Blixen, aliyeondoka Kenya mwaka huohuo, alimweleza katika kitabu chake Out of Africa (1937). Katika filamu ya mwaka 1985 yenye jina hilohilo, nafasi yake iliigizwa na Robert Redford. Serengeti ilitangazwa kuwa hifadhi ya taifa mwaka 1951, miaka 20 baada ya kifo chake.