Anny Ondra, nyota wa Prague aliyekopeshwa sauti London

Wakati mafilme yalikuwa bado bubu, hakuna aliyejali Anny Ondra anatamka maneno namna gani. Mama huyu wa Kicheki, aliyezaliwa mwaka wa 1902 Tarnów, mji ulioko leo Poland, akakulia Prague, alichekesha watu kwa macho na mikono. Karel Lamač ndiye aliyemtengenezea mafilme mengi.

Kule London, Alfred Hitchcock akamchukua kwa filme Blackmail, ya mwaka wa 1929. Ilianza bila sauti, kiisha wakubwa wa studio wakataka isikike. Shida ikatokea hapo: Anny anacheza binti wa mwenye duka wa London, lakini Kingereza chake ni cha Prague kabisa! Na kubandika sauti nyuma ya kazi ilikuwa haijawezekana. Basi mwigizaji Mwingereza, Joan Barry, akasimama pembeni, nje ya picha, akisema mbele ya mikro, huku Anny anachezesha midomo tu. Kazi ngumu ile: ukichelewa kidogo, midomo na sauti vinaachana.

Filme ilipendwa sana, lakini Uingereza ikamwishia hapo.

Hakubaki kulia. Mwaka wa 1930, yeye na Lamač wakafungua kampuni yao Berlin. Kwa Kijerumani na Kicheki, watu wakamsikia mwenyewe. Mwaka wa 1933 akaolewa na Max Schmeling, mpiga ngumi aliyekuja kupambana mara mbili na Joe Louis. Waliishi pamoja mpaka Anny alipofariki, 1987.