Sir Robert Hamilton, Jaji Aliyeingia Bungeni

Wengi hutoka katika siasa wakawa majaji. Robert William Hamilton aliipita njia hiyo kinyume. Alizaliwa mwaka wa 1867, na tangu 1905 hadi 1920 alikuwa mkuu wa majaji wa Himaya ya Afrika Mashariki, nchi iliyokuja kuitwa Kenya.

Wanachama wetu wa Homa Bay na Migori, ambazo siku zile zilikuwa katika wilaya ya Kavirondo ya Kusini, wanayo sababu ya kumkumbuka. Mwaka wa 1917 aliamua kesi ya Amkeyo. Shahidi alikuwa mwanamke aliyeolewa na Amkeyo kwa mila, na swali lilikuwa kama huyo ni mke, asilazimishwe kutoa siri za mumewe. Hamilton alikata kwamba mbele ya sheria si mke. Mahari aliiona kuwa ni kununua mwanamke. Mzee aliyeswaga ng'ombe wake hadi kwa wakwe angalishangaa kuyasikia hayo! Hukumu hiyo ilifuatwa mahakamani kwa miaka mingi. Ni Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 iliyoipa ndoa ya kimila iliyoandikishwa hadhi sawa na nyingine.

Aliporudi Uingereza alichaguliwa, mwaka wa 1922, kuwa mbunge wa visiwa vya Orkney na Shetland kwa chama cha Liberal, akadumu hadi 1935. Kati ya 1931 na 1932 alikuwa naibu wa Waziri wa Makoloni. Alifariki mwaka wa 1944.