Manuelito, Mkuu wa Wanavajo

Upande wa kusini-magharibi wa Marekani iko nchi kavu, yenye majabali mekundu na makorongo marefu, ambayo mvua yake ni haba. Ndiyo nchi ya Wanavajo, ambao wenyewe hujiita Dine, yaani Watu. Hapo zamani walikuwa wachungaji wa kondoo na wafumaji wa mablanketi, tena walilima mahindi na kupanda mifyulisi mabondeni. Milima minne mitakatifu iliizunguka nchi yao, na wazee waliwafundisha watoto kwamba Mnavajo asitoke nje ya milima hiyo akakae ugenini.

Huko alizaliwa, yapata mwaka 1818, mtoto ambaye baadaye alijulikana kwa jina la Kihispania, Manuelito, maana yake Manuel mdogo. Jina hilo halikumfaa, kwa kuwa alikua akawa mtu mrefu wa kimo, mwenye nguvu na moyo mkali. Alioa binti wa Narbona, mkuu mwenye heshima kubwa, akakaa karibu na mkwewe. Siku hizo Wanavajo na watu wa New Mexico walikuwa wakinyang'anyana mifugo na kutekana watoto wakawa watumwa, leo hawa, kesho wale. Manuelito naye alikuwa mteka nyara hodari. Haifai kuficha neno hilo.

Mwaka 1846 majeshi ya Marekani yaliingia New Mexico na kuitwaa. Basi serikali mpya ikawaahidi wakazi wa huko kwamba itawakomesha Wanavajo. Mwaka 1849 Narbona, aliyekuwa mzee wa miaka zaidi ya 80, alikwenda kuonana na jeshi ili kufanya mapatano. Shauri lilikuwa limekwisha kwa amani, mara ukazuka ugomvi juu ya farasi mmoja aliyedaiwa kuwa wa wizi. Askari wakapiga bunduki na mizinga, na Narbona akafa pale pale pamoja na watu wengine sita. Toka siku ile Manuelito hakuwa tena mtu wa kuamini upesi maneno ya askari.

Miaka miwili baadaye serikali ilijenga boma katikati ya nchi ya Wanavajo, likaitwa Fort Defiance. Mwaka 1855 gavana wa New Mexico aliwaita wakuu kufanya mkataba mwingine. Mkuu wa zamani, Zarcillos Largos, akajiuzulu kwa sababu ya uzee, na Manuelito akachaguliwa badala yake. Mkataba ule ulitiwa alama, lakini baraza kuu la Marekani halikuuthibitisha, hata ukawa kama haukuandikwa. Wanavajo hawakujua kusoma. Walishika maneno waliyoyasikia kwa masikio yao, na huko mbali wengine wakaamua kwa karatasi.

Karibu na boma palikuwa na malisho mazuri, ambapo Manuelito alilisha mifugo yake tangu zamani. Mwaka 1858 mkuu wa boma alisema kwamba majani yale ni ya farasi wa askari tu. Manuelito akajibu kwamba maji na majani ni yake, wala hatayaacha. Ndipo askari walipotoka wakawapiga risasi ng'ombe wake wengi. Alfajiri ya tarehe 30 Aprili 1860, Manuelito na mwenzake Barboncito waliliingilia boma pamoja na watu wapatao 1,000. Kidogo walitwae, lakini pinde na mishale haikuweza kuzishinda bunduki, wakarudi nyuma.

Mwaka 1863 Jenerali Carleton aliazimia kuwahamisha Wanavajo wote. Alimtuma Kanali Kit Carson, naye hakuwa na haja ya kupigana vita vikubwa. Alichoma mahindi shambani, akachinja na kutwaa mifugo, akaharibu visima. Hata mifyulisi ya Canyon de Chelly, ambayo watu waliitunza kwa miaka mingi, ilikatwa. Njaa ilifanya kazi ambayo risasi haikuifanya. Watu wakajitoa makundi kwa makundi, wakapelekwa kwa miguu zaidi ya maili 300 mpaka Bosque Redondo, kando ya mto Pecos. Wanavajo husimulia mpaka leo habari za wazee na wanawake waja wazito walioshindwa kwenda wakaachwa njiani, au wakauawa.

Huko Bosque Redondo walikusanywa watu zaidi ya 8,000. Maji ya mto yalikuwa ya magadi, yakawaumiza matumbo. Kuni zilikwisha, wakawa wanachimba mizizi mbali sana na kuibeba mgongoni. Walilima, viwavi wakala mahindi. Walilima tena, mazao yakaharibika tena. Walitegemea posho ya serikali, nayo ilikuwa haba na mara nyingine mbovu. Wapatao 2,000 walikufa huko.

Manuelito alikuwa hajakamatwa. Mwaka 1865 walimtumia ujumbe aje, akakataa, akasema hawezi kuiacha nchi ya mama yake, hata kama atauawa. Aliendelea kujificha korongoni pamoja na watu wachache, wakila mizizi na matunda ya mwituni. Lakini Septemba 1866 alijitoa katika boma la Fort Wingate, amekonda, ana jeraha la mkono, na watu 23 tu pamoja naye. Wengi walimwona kuwa ameshindwa. Kumbe kazi yake kubwa ilikuwa bado.

Mwaka 1868 serikali ilichoka na gharama za Bosque Redondo. Manuelito na Barboncito walipelekwa Washington kuonana na Rais Andrew Johnson, wakamweleza taabu za watu wao. Kisha Jenerali Sherman akaja mwenyewe kambini. Alitaka kuwapeleka nchi nyingine upande wa mashariki. Wakakataa kabisa, na Barboncito ndiye aliyesema kwa niaba ya wote. Tarehe 1 Juni wakuu 29 walitia alama katika mkataba. Manuelito alitia msalaba, kwa kuwa hakujua kuandika jina lake. Walipata sehemu tu ya nchi yao ya zamani, wakaahidiwa kondoo na mbuzi 15,000, na mwalimu mmoja kwa kila watoto 30. Wao waliahidi kuacha vita na kuwapeleka watoto shuleni.

Tarehe 18 Juni walianza safari ya kurudi, msafara wenye urefu wa maili 10. Walipouona kwa mbali mlima mmojawapo wa milima yao mitakatifu, wazee walilia kwa furaha.

Wanyama walikuja mwaka uliofuata, wakaongezeka sana. Walimu hawakuja kwa hesabu iliyoandikwa, kwa miaka mingi. Manuelito alishika ahadi yake. Mwaka 1872 aliongoza kikosi cha Wanavajo cha kuwazuia wezi wa mifugo, na mwaka 1874 alikwenda Washington pamoja na mkewe Juanita kuonana na Rais Grant. Wanavajo wanakumbuka kwamba aliifananisha elimu na ngazi ya kupandia. Mtu aliyetia msalaba chini ya maandiko asiyoweza kuyasoma alijua anasema nini.

Mwaka 1882 aliwatoa wanawe wawili na mpwa wake, wakaenda kwa gari la moshi mpaka shule ya Carlisle, huko Pennsylvania, mbali sana na nyumbani. Huko walikatwa nywele, wakavalishwa nguo za kigeni. Mmoja, Manuelito Chiquito, aliugua, akarudishwa kwao, akafa. Baba yake alipoona msiba huo, aliitaka serikali iwarudishe watoto wote wa Kinavajo waliokuwa huko.

Miaka yake ya mwisho ilikuwa ya huzuni, na ulevi ulimshika. Mwaka 1884 ukuu ulipewa Chee Dodge, kijana aliyekuwa mtoto mdogo katika kambi ya Bosque Redondo, naye alijua Kiingereza na kusoma. Siku hizo mipaka ya nchi yao ilikuwa imekwisha kupanuliwa mara mbili, mwaka 1878 na 1880. Manuelito alifariki mwaka 1893. Juanita aliishi mpaka mwaka 1910, akafa katika nchi ile ile waliyorudishiwa.