Maisha ya Marehemu Hukwe Zawose, Mwalimu na Mwimbaji

Muhula uliopita alinijia mzazi mmoja wa hapa Nyarugusu, baba wa kijana wa kidato cha tatu, akiwa na neno zito moyoni. Kijana wake ni mpiga ngoma hodari, na katika michezo ya kuigiza hapana anayemshinda. Lakini mzee huyo hakuja kumsifu mwanawe. Alikuja kuniomba nimwondoe katika kwaya na katika kundi la maigizo, ili ashike vitabu peke yake. Alinikumbusha kwa heshima kwamba mshika mbili moja humponyoka. Akaongeza kwamba ikiwa kijana atafeli kwa ajili ya ngoma, basi ni heri aende mashimoni sasa hivi akabebe mawe ya kupeleka kwenye karasha, kwani huko walau jioni atarudi na shilingi mfukoni.

Sikuwa na jibu la haraka. Mimi mwenyewe mchana hufundisha Kiswahili na jioni husimamia kwaya na maigizo. Tena, nilipoanza kazi hii niliacha jukwaa kwa miaka kadhaa, kwa kuiogopa methali ile ile. Nilimwomba mzee anipe muda nifikiri. Basi, jibu langu ndilo hili ninaloliandika katika gazeti letu la shule. Nimeonelea vema nisimjibu kwa maneno yangu, bali kwa maisha ya mtu aliyeshika mbili mpaka siku ya kufa kwake, wala hapana iliyomponyoka. Mtu huyo ni marehemu Hukwe Ubi Zawose. Wanafunzi wetu walikuwa hawajazaliwa alipofariki, lakini wazazi wengi watalikumbuka jina lake.

Zawose alikuwa Mgogo, mzaliwa wa kijiji cha Doguwa katika Mkoa wa Dodoma, karibu na mwaka 1940. Ugogo ni nchi kavu yenye mvua chache, na watu wake ni wafugaji na wakulima. Wazee wetu wa Usukuma na Unyamwezi waliifahamu vizuri nchi hiyo, maana misafara ya zamani ilipita humo ikielekea pwani, hadi Bagamoyo. Lililo kavu huko ni ardhi tu. Kwa nyimbo Ugogo ni nchi tajiri. Wagogo huimba kwa sauti nyingi zinazopishana na kukutana, kila mmoja akishika njia yake, na bado wimbo ukabaki mmoja. Wanawake wao hupiga ngoma ziitwazo muheme, wakizibana kati ya mapaja. Wanaume hupiga zeze na ilimba.

Yafaa niieleze ilimba, kwa sababu ndiyo iliyompeleka Zawose duniani. Ni sanduku la mti lililo wazi ndani, na juu yake zimepangwa fito nyembamba za chuma, ndefu na fupi, ambazo hupigwa kwa vidole, hasa vidole gumba viwili. Fito ndefu hutoa sauti nene, na fupi hutoa sauti nyembamba. Katika sanduku hutobolewa vitundu na kuzibwa kwa utando wa buibui, na utando huo hutetemeka na kuipa sauti mvumo kama wa nyuki. Ilimba ndogo ina fito chache. Zile kubwa za Zawose zilikuwa na fito nyingi sana, na baadhi ya fito hizo haziguswi kabisa, bali hulia zenyewe zinapoitikia sauti za wenzake. Zeze nalo ni kibuyu chenye mpini na nyuzi, hupigwa kwa upinde. La Zawose lilikuwa na nyuzi nyingi kuliko mazeze ya kawaida.

Kazi hiyo alijifunza kwa baba yake. Sauti za muziki wa Kigogo hazifuati mpango wa kinanda cha kanisani, kwa hiyo mtoto hana njia ya kuupata ila kwa sikio. Huketi mbele ya mkubwa wake, akaangalia vidole, akaiga, akakosea, akarudia. Tena haitoshi kujua kupiga. Mpigaji huimba huku vidole vyake vikienda njia nyingine, na miguuni amevaa njuga zinazofuata njia ya tatu. Nawaomba wasomaji walishike jambo hili, kwa maana nitalirudia.

Nchi ilipopata uhuru mwaka 1961, muziki wa namna hiyo haukuwa na heshima kubwa mbele ya waliosoma. Mwezi Desemba 1962, Mwalimu Julius Nyerere alipokuwa Rais wa kwanza wa Jamhuri ya Tanganyika, alitangaza kuundwa kwa Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana, akisikitika kwamba watu wetu walifundishwa kuzithamini ngoma za wageni na kuzisahau zao. Wapigaji na wachezaji wakatafutwa katika mikoa mbalimbali ili waje Dar es Salaam. Zawose alikuwa miongoni mwa walioitwa, na mwaliko wake ulitoka kwa Mwalimu Nyerere mwenyewe.

Hebu tufikiri maana ya safari ile. Kijijini wimbo una mahali pake: una harusi yake, mavuno yake, jando lake. Watazamaji wote wanaufahamu, na wengine huuitikia. Mjini mwimbaji husimama juu ya jukwaa mbele ya watu ambao hawajui hata neno moja la Kigogo. Hapo sauti peke yake haitoshi. Uso, mikono, mavazi na mwendo vyote hutakiwa kusema, kama afanyavyo mwigizaji. Zawose aliijua kazi hiyo. Alisimama jukwaani amevaa mavazi ya kwao na njuga miguuni. Sauti yake ilipanda juu ikawa nyembamba kama ya mtoto, kisha ikashuka hadi kunguruma, hata msikilizaji akadhani wanaimba watu wawili.

Mwaka 1981 serikali ilianzisha Chuo cha Sanaa Bagamoyo, mji mkongwe wa pwani ulioko kaskazini ya Dar es Salaam. Chuo hicho, ambacho tangu mwaka 2007 kinaitwa Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, kilifundisha muziki, ngoma, maigizo na sanaa za ufundi chini ya paa moja. Walimu wake hawakuwa watu wa ubaoni tu. Walikuwa na kundi lao, Bagamoyo Players, lililocheza ngoma na michezo ya kuigiza mbele ya watu. Huko ndiko Zawose alikofanya kazi ya ualimu, na Bagamoyo ikawa maskani yake kwa maisha yake yote yaliyobaki.

Basi tangu hapo alikuwa mtu wa kazi mbili. Kwa upande mmoja alikuwa mwalimu wa vijana waliotoka kila pembe ya Tanzania, wengi wao hawajapata kuigusa ilimba. Kwa upande mwingine alikuwa mwimbaji aliyetakiwa ng'ambo. Katika miaka ya 1980 sahani zake zilianza kutolewa Ulaya. Mwaka 1996 kampuni ya Real World ya Uingereza, iliyoanzishwa na mwimbaji Peter Gabriel, ilitoa sahani yake iitwayo Chibite. Mwaka 2002 ikatoka nyingine, Assembly, aliyoitengeneza pamoja na Michael Brook, mpiga gitaa wa Kanada. Mwaka huo huo alisafiri na Peter Gabriel huko Marekani, akaimba katika kumbi kubwa mbele ya maelfu ya watu. Mpwa wake Charles Zawose alikuwa pamoja naye katika safari hizo.

Mtu aliyefika mahali pale angeweza kusema kwamba ualimu sasa umemchosha, akahamia huko kwenye taa nyingi. Wengine wamefanya hivyo, wala siwalaumu. Angeweza pia kuchoka na safari, akatulia chuoni na kuacha jukwaa kwa vijana. Zawose hakufanya hili wala lile. Alikwenda, akaimba, akarudi Bagamoyo. Nimelitafakari sana jambo hili, nami naona sababu yake ni ile niliyowaomba mlishike. Muziki wake wenyewe ulimfundisha tangu utoto kwamba vidole vyaweza kwenda njia moja, sauti njia nyingine, na miguu njia ya tatu, na wimbo ukawa mmoja, mradi yote yafuate pigo lile lile. Kwake yeye kufundisha na kuimba havikuwa vitu viwili vinavyogombania mkono mmoja. Jukwaani alijifunza ni nini kinachoshika moyo wa mgeni, akaweza kuwaonyesha wanafunzi. Naye mwalimu anayekaa na wanafunzi kila siku hulazimika kurudia mambo ya mwanzo, na kwa kuyarudia sauti yake haioti kutu.

Iko sababu ya pili, nayo ndiyo kubwa zaidi. Sahani huhifadhi sauti, lakini haimfundishi mtu kupiga. Ukiisikiliza ilimba kwenye sahani huoni ni kidole gani kilichogusa ufito upi. Muziki usioandikwa hukaa ndani ya watu, na mtu akifa bila mwanafunzi, huondoka nao. Zawose alifanya chuo mahali pawili: katika Chuo cha Sanaa, na nyumbani kwake. Watoto, wapwa na wajukuu zake walikua wakisikiliza na kuimba, hata ukoo wake ukawa kundi zima la wanamuziki.

Faida ya jambo hilo ilionekana upesi kuliko alivyotazamia mtu. Tarehe 30 Desemba 2003, Hukwe Zawose alifariki dunia Bagamoyo. Mwaka uliofuata, 2004, Charles naye akafariki. Wawili waliosimama mbele jukwaani wakawa wametoweka karibu kwa wakati mmoja. Kama Zawose angekuwa mwimbaji tu, hadithi ingekwisha hapo, nasi tungebaki na sahani za kuzisikiliza kwa huzuni. Lakini haikwisha. Mwanawe Msafiri Zawose aliendelea na kazi, akaifikisha nchi nyingi. Na mwaka 2024 Pendo na Leah Zawose, mabinti wa ukoo huo, walitoa sahani yao iitwayo Maisha kwa kampuni ile ile ya Real World, wakijiita The Zawose Queens. Hapo zamani wanawake wa ukoo walipiga muheme na kuitikia nyuma ya wanaume. Sasa wao ndio wanaosimama mbele. Matunda hayo hayakutoka katika jukwaa peke yake, yametoka katika ualimu wa mzee.

Nasi wa huku Geita tusidhani kwamba habari hizi ni za Wagogo tu. Katika Usukuma waliishi Ngika na Gumha, ambao majina yao yanakumbukwa mpaka leo na Bagika na Bagalu, pande mbili za ngoma zinazoshindana baada ya mavuno. Nao walikuwa waimbaji, na walikuwa na wafuasi waliowafundisha. Wasingefundisha, nani angeyajua majina yao leo? Hapa Nyarugusu dhahabu imewaleta watu wa makabila mengi, kila mmoja na wimbo wake. Dhahabu hutoka ardhini ikaenda mbali, na duara likiisha huachwa tupu. Wimbo waweza kwenda Marekani na bado ukabaki nyumbani, ikiwa yupo aliyefundishwa.

Sasa namgeukia mzee wangu aliyenijia muhula uliopita. Siikanushi methali yake. Anayeshika mbili bila mpango, moja humponyoka, na pengine zote mbili. Wala siwezi kumwahidi kwamba mwanawe atakuwa Zawose. Ninachoweza kuahidi ni mpango. Kuanzia muhula huu kwaya na maigizo vitakuwa Jumatatu na Alhamisi tu, baada ya masomo, kwa muda wa saa moja na nusu. Mwanafunzi ambaye alama zake zitashuka atakaa pembeni mpaka zipande, hata kama ni mpiga ngoma wetu bora. Na kila mwanafunzi wa kidato cha tatu aliye katika kundi atamfundisha mmoja wa kidato cha kwanza kile anachokijua, ili atakapoondoka shuleni ngoma isiondoke naye.

Mimi nami nimerudi jukwaani. Siku ya wazazi, mwisho wa muhula, kundi letu litaonyesha mchezo, nami nitaigiza ndani yake mzee mkorofi anayewakataza watoto kucheza ngoma. Kijana wa mzee wangu ataongoza ngoma. Kiti cha mbele nimekwisha kukiweka kwa ajili ya baba yake. Namwomba aje, na aje na taarifa ya mwanawe ya mtihani mkononi, ili avipime vyote viwili kwa pamoja.