Jenerali Leclerc: kutoka Tchad hadi Paris, na askari weusi walioachwa njiani

Usiku wa tarehe 26 kuamkia tarehe 27 Agosti 1940, watu wapatao ishirini walipanda mitumbwi upande wa Kameruni iliyotawaliwa na Uingereza, wakasafiri gizani na kushuka Douala, bandari kubwa ya Kameruni ya Wafaransa. Hawakuwa na kifaru wala ndege, na mkubwa wao alikuwa anatembelea fimbo. Kulipokucha, mji ulikuwa mikononi mwao. Siku chache baadaye Kameruni yote ya Wafaransa ilikuwa upande wa Jenerali Charles de Gaulle. Mkubwa huyo alijitambulisha kuwa Kanali Leclerc. Hakuwa kanali, na jina lake halikuwa Leclerc.

Wazazi wake walimwita Philippe de Hauteclocque. Alizaliwa tarehe 22 Novemba 1902 katika kijiji cha Belloy-Saint-Léonard, jimbo la Picardie, kaskazini mwa Ufaransa. Familia yake ilikuwa ya ukoo wa kikabaila, ya Wakatoliki wa misa ya kila jumapili, na tangu zamani ilikuwa ikitoa maofisa wa jeshi. Alisoma Saint-Cyr, chuo cha maofisa, kisha Saumur, shule ya wapanda farasi, ambako alimaliza akiwa wa kwanza. Mwaka 1925 alimuoa Thérèse de Gargan, na wakapata watoto sita. Alitumika Maroc, akarudi kufundisha Saint-Cyr. Ile fimbo ilitokana na kuanguka kwa farasi kulikomvunja mguu. Hakuiacha tena, na ni nadra kuona picha yake ya vita bila fimbo mkononi.

Wajerumani walipoivamia Ufaransa mnamo Mei 1940, alikuwa kapteni wa miaka 37. Kikosi chake kilizingirwa huko Lille; akaomba ruhusa, akapenya peke yake. Akaingia tena vitani, akajeruhiwa kichwani, akakamatwa, akatoroka hospitali. Kwa baiskeli na kwa miguu alivuka nchi iliyokwisha kushindwa, akapita Hispania na Ureno, akafika London tarehe 25 Julai. Mke na watoto walibaki Ufaransa. Ili Wajerumani wasilipize kisasi juu yao, alichagua jina Leclerc, jina la kawaida sana kule Picardie.

De Gaulle alimpa cheo cha komanda na kumtuma Afrika. Kabla ya kuingia Douala aligundua tatizo dogo: ofisa aliyekuwa akiongoza jeshi mjini humo alikuwa luteni kanali, na mkubwa wa cheo hawezi kupokea amri kutoka kwa mdogo. Leclerc akajiwekea mwenyewe alama za kanali. Katika jeshi lolote hilo ni kosa la kupelekwa mahakamani. De Gaulle alipopata habari, aliacha cheo kibaki.

Mambo yalienda mbio wiki hiyo. Tarehe 26 Agosti, Tchad ilikuwa ya kwanza kujiunga na de Gaulle, kwa uamuzi wa liwali wake Félix Éboué, mtu mweusi mzaliwa wa Cayenne huko Guyane. Tarehe 28 ikafuata Brazzaville. Mapinduzi hayo yaliandaliwa ng'ambo ya pili ya mto, Léopoldville, ambako Kanali de Larminat alikuwa akisubiri ishara ya kuvuka. Gabon peke yake ilikataa, na mnamo Novemba Wafaransa walipigana na Wafaransa hadi Libreville ilipoanguka. Hiyo ni sehemu ya habari ambayo haisimuliwi sana katika sherehe.

Desemba 1940 Leclerc alifika Fort-Lamy, mji unaoitwa leo N'Djamena, kuwa mkuu wa jeshi la Tchad. Jeshi lenyewe lilikuwa rejimenti moja ya tirailleurs sénégalais. Jina hilo la Senegal lilikuwa la mazoea tu, kwa sababu askari wengi walikuwa watu wa Afrika ya kati, hasa Wasara wa kusini mwa Tchad. Wengine waliingia kwa hiari. Wengi walitolewa na machifu ambao wakoloni waliwadai idadi ya vijana. Kwa watu hao Leclerc alitaka kuwashambulia Waitaliano waliokuwa wameshika kusini mwa Libya.

Shabaha ya kwanza kubwa ilikuwa Koufra, oasisi yenye ngome na uwanja wa ndege, zaidi ya kilometa 1,500 kutoka Fort-Lamy. Tchad haina bahari. Kila pipa la petroli, kila sanduku la risasi lilipitia njia ndefu kutoka pwani, kisha likavushwa mchangani kwa malori yaliyokuwa yakivunjika kila siku. Msafara ulikuwa na watu wapatao 400, wengi wao Waafrika. Mzinga wa milimita 75 ulipiga ngome siku baada ya siku, ukihamishwa ili Waitaliano waamini kwamba kuna mizinga mingi. Tarehe 1 Machi 1941 ngome ilisalimu amri. Ulikuwa ushindi wa kwanza wa Wafaransa huru kwa nguvu zao wenyewe, wakitokea ardhi yao wenyewe, na ardhi hiyo ilikuwa Afrika.

Siku iliyofuata, Leclerc na wenzake waliapa kutoweka silaha chini mpaka bendera ya Ufaransa ipepee juu ya kanisa kuu la Strasbourg. Mji huo ulikuwa umbali wa kilometa zipatazo 3,000, ndani ya eneo ambalo Hitler alikuwa amekwisha kuliunganisha na Ujerumani. Mtu aliyekuwa na mzinga wa milimita 75 na malori mabovu alikuwa anaapa hivyo mbele ya askari ambao wengi hawakuwahi kusikia jina Strasbourg.

Ni katika jangwa hilo Leclerc alijifunza vita vyake. Vikundi vidogo, kila kimoja na magari yake, silaha zake nzito na mafundi wake. Kupita pale adui asipotazamia. Kuzunguka ngome badala ya kuigonga kwa kichwa. Kutokungoja amri pale nafasi inapofunguka. Mwaka 1942 walishambulia vituo vya Fezzan na kurudi. Mwishoni mwa mwaka huo walirudi wakiwa wengi zaidi, wakauteka Fezzan wote, na mwishoni mwa Januari 1943 wakafika Tripoli, ambako Leclerc alijiweka chini ya Jenerali Montgomery wa Uingereza. Tarehe 10 Machi, huko Ksar Ghilane, kusini mwa Tunisia, Wajerumani waliwatupia magari ya chuma na ndege. Wakisaidiwa na ndege za Waingereza, watu waliotoka Tchad hawakusogea.

Hapo ndipo hadithi inageuka. Wafaransa walihitaji divisheni za kisasa, na silaha zilikuwa za Wamarekani. Tarehe 24 Agosti 1943, huko Maroc, kikosi cha Leclerc kilipewa jina la Divisheni ya Pili ya Vifaru, 2e DB kwa kifupi. Ilikuwa na watu wapatao 16,000, magari 4,000, na vifaru vya Sherman zaidi ya 150. Lakini askari weusi hawakuingia. Karibu wote waliondolewa mwaka huo, wakapelekwa kwenye vikosi vingine au kurudishwa nyuma. Jeshi la Marekani lenyewe lilikuwa likitenganisha weusi na weupe. Mnamo Januari 1944, Jenerali Bedell Smith, msaidizi mkuu wa Eisenhower, aliandika katika barua ya siri kwamba ingefaa divisheni ya Ufaransa itakayokwenda Ulaya iwe ya watu weupe, na kwamba ni 2e DB peke yake iliyokaribia sharti hilo, kwa sababu askari wake wenyeji wa makoloni walikuwa robo tu. De Gaulle alitaka Wafaransa waingie Paris kwa gharama yoyote. Leclerc ndiye aliyekuwa mkuu wa divisheni, na kuondolewa huko kulifanyika chini yake.

Nafasi zilijazwa na vijana Wafaransa waliotoroka kupitia Hispania, walowezi wa Algeria, hata wanajeshi ambao miezi michache nyuma walikuwa bado wakitii serikali ya Vichy. Walikuwemo pia Wahispania waliokuwa wamepigana na Franco na kushindwa. Rejimenti ya askari wa miguu, warithi wa wale wa Koufra, iliendelea kuitwa Rejimenti ya Tchad. Jina lilibaki, Watchad waliondoka.

Divisheni ilishuka Normandie tarehe 1 Agosti 1944, ikawekwa chini ya Jenerali Patton. Tarehe 12 ilikomboa Alençon. Mipango ya Eisenhower ilikuwa kuuzunguka mji wa Paris, kwa sababu kulisha mamilioni ya wakaaji kungekula mafuta na malori ya jeshi. Lakini wakaaji walikuwa wamekwisha kuinuka na bunduki za kuokoteza. Tarehe 21 Leclerc alituma kikosi kidogo kuelekea Paris bila kumuuliza mkubwa wake, Jenerali Gerow wa Marekani, ambaye alikasirika na kuamuru kirudi. Leclerc hakukirudisha. Ruhusa ilikuja siku iliyofuata.

Jioni ya tarehe 24 alimwambia Kapteni Raymond Dronne aingie mjini na chochote alichonacho. Dronne alikuwa na kompania ya tisa ya Rejimenti ya Tchad, ile ya Wahispania. Magari yao yalikuwa yameandikwa majina ya mapigano ya nyumbani kwao: Guadalajara, Teruel, Brunete. Saa tatu na dakika ishirini usiku walikuwa mbele ya jumba la mji, na kengele za makanisa zikaanza kulia. Kesho yake divisheni yote iliingia, na jenerali wa Wajerumani, von Choltitz, alitia saini ya kusalimu amri mbele ya Leclerc. Paris iligharimu divisheni askari 71 waliokufa. Siku ya maandamano makubwa ya tarehe 26, kati ya watu weusi wachache walioonekana karibu na de Gaulle kwenye Champs-Élysées alikuwa Georges Dukson, mzaliwa wa Gabon. Yeye alikuwa mpiganaji wa mitaani wa Paris, si wa divisheni hiyo. Hata hivyo aliondolewa kwenye msururu.

Katikati ya Septemba, huko Dompaire, watu wa Leclerc na ndege za Marekani waliteketeza makumi ya vifaru vipya vya Wajerumani kwa hasara ndogo. Novemba walifika milima ya Vosges. Wajerumani walilinda barabara kubwa ya Saverne. Leclerc akapitisha vikundi vyake kwenye vijia vya msituni, pande zote mbili, akawatokea nyuma. Tarehe 23 Novemba 1944 vifaru vyake viliingia Strasbourg wakati wakaaji wanakwenda kazini na tramu zinatembea. Bendera ilipandishwa kwenye mnara wa kanisa kuu. Kiapo cha Koufra kilikuwa kimetimia. Wiki moja baadaye, tarehe 1 Desemba, huko Thiaroye karibu na Dakar, jeshi la Ufaransa liliwafyatulia risasi tirailleurs waliotoka kwenye kambi za wafungwa wa Wajerumani na waliokuwa wakidai malipo yao. Hao hawakuwa askari wa Leclerc, lakini sare ilikuwa moja.

Mei 1945 divisheni ilifika Berchtesgaden, makao ya Hitler milimani. Tarehe 8 Mei, siku ya amani, huko Bad Reichenhall, askari wake waliwapiga risasi bila kesi Wafaransa wapatao 12 waliokuwa wamevaa sare ya SS. Jambo hilo bado linabishaniwa Ufaransa.

De Gaulle alimtuma Asia. Tarehe 2 Septemba 1945, juu ya meli Missouri, Leclerc alitia saini kwa niaba ya Ufaransa kusalimu amri kwa Japani. Kisha akaenda Indochina kurudisha utawala wa Wafaransa, akaurudisha kwa silaha kusini. Lakini alikotazamiwa kuomba askari zaidi, alishauri mazungumzo na Ho Chi Minh, akigombana na Admirali d'Argenlieu aliyekuwa mkuu wa utawala. Aliondoka mwaka 1946. Vita aliyotaka kuizuia iliendelea hadi 1954, na mwanawe Henri aliuawa humo mnamo Januari 1952.

Tarehe 28 Novemba 1947 ndege yake ilianguka karibu na Colomb-Béchar, kusini mwa Algeria, katika hali mbaya ya hewa. Waliokuwemo wote walikufa. Leclerc alikuwa na miaka 45. Alizikwa Paris, Les Invalides, na mwaka 1952 akapewa cheo cha marshali baada ya kufa.

Tirailleurs wa zamani walirudi vijijini mwao. Makoloni yalipokaribia uhuru, sheria ya Desemba 1959 iliigandisha pensheni ya wanajeshi wa zamani wa nchi hizo, huku ya wenzao Wafaransa ikipanda mwaka hadi mwaka. Usawa ulikuja baada ya 2006, wakati waliobaki hai walikuwa wachache.

Yaoundé ina lisee yenye jina la Leclerc. Douala, pale alipoanzia na mitumbwi, ina sanamu yake, katika mtaa wa Bonanjo. Mwanaharakati mmoja wa Kameruni ameishambulia mara kadhaa, akiikata kichwa au kuiangusha, akidai mahali hapo pawekwe mashujaa wa nchi. Kila mara alikamatwa, na sanamu ikatengenezwa.