ELIJAH MASINDE: MFUNGWA AU MGONJWA?

Maisha ya watu mashuhuri tunayoyasoma mara nyingi ni ya wafalme, majemadari na wavumbuzi. Muhula huu nataka kuwaeleza habari za mtu ambaye hakuwa mmoja wa hao. Serikali ya wakoloni huko Kenya ilimtia gerezani, kisha ikamweka katika hospitali ya wagonjwa wa akili, kisha ikamhamishia kisiwa cha mbali, na yote hayo yalitukia katika muda wa miaka minne tu. Jina lake ni Elijah Masinde, kiongozi wa Dini ya Msambwa.

Nimemchagua kwa sababu ya swali la mwanafunzi mmoja wa Kidato cha Tatu. Aliniuliza: mtu mwenye wazimu akiua, naye hunyongwa? Nilimjibu kwa ufupi siku ile, maana kengele ilikuwa imelia, lakini swali hilo lastahili jibu refu zaidi, na maisha ya Masinde ni sehemu ya jibu.

Kwanza tutazame sheria yenyewe. Mwaka 1843 huko London mtu mmoja aitwaye Daniel M'Naghten alimpiga risasi Edward Drummond, karani wa Waziri Mkuu Robert Peel, akafa. M'Naghten alikuwa ameshikwa na fikira kwamba watu wa chama cha Waziri Mkuu wanamwandama usiku na mchana. Madaktari walitoa ushahidi mahakamani kwamba akili yake ni mgonjwa, na baraza la wazee wa mahakama likamwona hana hatia. Hakuachwa huru, alifungiwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili, na hakutoka tena hata alipokufa mwaka 1865. Watu wengi walikasirika, Malkia Victoria akiwa mmojawapo, na majaji wakatakiwa waeleze sheria ni ipi. Jibu lao ndilo linalofuatwa mpaka leo katika nchi nyingi, na ya kwetu ni mojawapo. Kila mtu huhesabiwa kuwa ana akili timamu mpaka ithibitishwe vinginevyo. Lakini ikiwa wakati wa kutenda alikuwa na maradhi ya akili yaliyomfanya asijue alitendalo, au asijue kwamba ni baya, hawezi kuadhibiwa kama mhalifu.

Hakimu si daktari. Basi mshitakiwa akionyesha dalili, mahakama yetu yaweza kuamuru apelekwe hospitali akapimwe, na sheria yampa daktari siku 42 za kuleta taarifa yake kwa maandishi. Hospitali yetu kubwa ya kazi hiyo iko Dodoma, yaani Mirembe, pamoja na Isanga wanakowekwa wale waliofikishwa huko na makosa ya jinai. Ni safari ndefu kutoka Masasi au Newala, na pengine ndiyo maana hapa kwetu jina la Mirembe hutajwa kwa mzaha tu. Lakini kwa mzazi mwenye mtoto mgonjwa aliyeingia katika kesi si mzaha hata kidogo. Daktari huyo aweza kuwa ndiye anayesimama kati ya mtoto wake na kitanzi.

Huo ni upande mzuri wa jambo hili. Upande wa pili hautajwi sana. Neno la daktari lililo na nguvu ya kumwokoa mgonjwa asinyongwe lina nguvu vilevile ya kumfungia mtu ambaye si mgonjwa. Hapo ndipo tunapofika Kimilili.

Elijah Masinde alizaliwa yapata mwaka 1910 katika nchi ya Wabukusu, chini ya Mlima Elgon, karibu na mpaka wa Kenya na Uganda. Alisoma kidogo katika shule ya misheni ya Marafiki, wale Wakristo waitwao Wakweka, wakamfunza kusoma na kuandika. Wanafunzi wetu wa timu ya shule watapenda kusikia kwamba kabla ya yote alikuwa mchezaji mpira hodari. Alikuwa kepteni wa timu ya Kimilili, na mwaka 1930 akachezea Kenya dhidi ya Uganda katika mashindano ya Kikombe cha Gossage. Kikombe hicho kilitolewa na watengenezaji wa sabuni wa Uingereza, Tanganyika ikaja kujiunga nacho mwaka 1945, na ndicho mwanzo wa mashindano ya Chalenji tunayoyajua. Mtu aliyechezea nchi yake siku zile alijulikana na kila mtu, na sauti yake ilisikilizwa.

Baada ya mpira alipata kazi katika baraza la wenyeji la Kimilili, akawa tarishi wa kupeleka hati za kuwaita watu shaurini. Ni kazi ndogo, lakini iliyomwingiza katika nyumba nyingi. Tarishi huona nani anashitakiwa, kwa kosa gani, na nani hashitakiwi. Aliona watu wa kwao wakiishi kama maskwota katika mashamba ya Wazungu kule Trans Nzoia, kwenye ardhi ambayo wazee waliihesabu kuwa yao. Kisha vikaja Vita Kuu vya Pili, na pamoja navyo amri za kutoa watu wa kazi na za namna ya kulima. Masinde akaacha kazi ile ya Serikali. Na misheni pia alikuwa amekwisha kuachana nayo, maana alioa mke wa pili.

Dini aliyoiongoza tangu miaka ya mwanzo ya 1940 iliitwa Dini ya Msambwa. Msambwa ni mizimu, yaani roho za wazee waliotangulia. Wafuasi wake walichukua baadhi ya mambo ya Biblia na baadhi ya matambiko ya jadi, wakauhesabu Mlima Elgon kuwa mahali patakatifu. Masinde alifundisha kwamba Mungu wa Waafrika ni tofauti na yule aliyeletwa na wageni, na kwamba Wazungu waondoke. Alisema hayo hadharani, miaka mingi kabla wanasiasa hawajathubutu kuyasema.

Mwaka 1944 aliongoza watu kukataa amri za Serikali, akakamatwa na kufungwa. Mpaka hapo hakuna la ajabu. Wangapi walifungwa siku zile kwa kosa kama hilo! La ajabu ni lililofuata. Mwaka 1945 alitiwa katika Hospitali ya Mathari mjini Nairobi, hospitali ya wagonjwa wa akili, akakaa humo mpaka mwaka 1947.

Tafakari jambo hili, ndugu msomaji. Mtu akihukumiwa kifungo, ajua siku atakayotoka. Aweza kuchora mistari ukutani akahesabu. Aliyetiwa hospitali ya wagonjwa wa akili hana siku. Atatoka wakati daktari atakaposema amepona. Na kama ugonjwa wenyewe ni kuamini kwamba wageni waondoke, atapona namna gani? Kila akisema analoliamini, ni dalili. Akinyamaza, labda anaficha. Na tena, ukimfunga mtu kwa maneno yake, watu watayapima maneno hayo. Ukisema ni mwenda wazimu, huna haja ya kuyajibu.

Mathari ilianzishwa mwaka 1910, na tangu mwaka 1938 mpaka 1950 ilikuwa chini ya Dk. J. C. Carothers. Nalazimika kusema habari za bwana huyu kidogo, maana ndiye aliyekuwa mkuu wa hospitali katika miaka ile Masinde alipokuwa ndani. Alizaliwa Afrika ya Kusini mwaka 1903, akaja Kenya mwaka 1929 kama daktari wa kawaida wa Serikali, na alipokabidhiwa Mathari hakuwa amesomea maradhi ya akili, aliyasomea baadaye. Hata hivyo maandishi yake yaliheshimiwa sana. Mwaka 1951 aliandika kwamba Mwafrika mzima, asiye na maradhi yo yote, anafanana katika akili na Mzungu aliyekatwa sehemu ya mbele ya ubongo. Mwaka 1953 Shirika la Afya Duniani likachapisha kitabu chake juu ya akili ya Mwafrika. Mwaka 1954 Serikali ya Kenya, ikiwa katikati ya vita vya Mau Mau, ikachapa taarifa yake juu ya saikolojia ya vita hivyo. Mashaka ya roho ya watu walioacha mila zao bila kupata mpya aliyapa uzito mkubwa. Madai ya ardhi aliyapa uzito mdogo. Mwaka 1961 Frantz Fanon, daktari wa akili aliyefanya kazi Algeria, aliyapinga mawazo hayo kwa ukali katika kitabu chake cha mwisho.

Sisi wa Masasi tunaweza kuyaelewa haya upesi. Mwaka 1905 moto wa Maji Maji ulipounguza misheni yetu hapa, wakubwa wengi wa Kijerumani walisema watu wamepumbazwa na waganga. Pamba ya kulazimishwa, kodi na kazi za kusukumwa havikutajwa kwanza. Maji yenyewe hayakuzuia risasi, hilo twalijua kwa machozi, lakini hasira iliyowapeleka watu kwenye maji hayo haikuwa wazimu.

Turudi kwa Masinde. Alipotoka Mathari mwaka 1947 hakutulia hata mwaka mmoja. Mwezi Septemba aliwaongoza maelfu ya watu mpaka ngome ya zamani ya Chetambe, mahali ambapo mwaka 1895 majeshi ya Waingereza yaliwaua Wabukusu wengi. Walikwenda kuwakumbuka wafu wao na kuomba. Serikali ikaingiwa na wasiwasi, ikaanza kumtafuta. Tarehe 10 Februari 1948 umati wa wafuasi ulikusanyika Malakisi; polisi wakafyatua risasi, wakafa watu 11. Mwezi ule ule Masinde alikamatwa, dini yake ikapigwa marufuku, naye akapelekwa Lamu, pwani kabisa, mbali na mlima wake.

Sasa tazama. Mwaka 1944 alikuwa mhalifu mwenye akili ya kutosha kufungwa. Mwaka 1945 akawa mgonjwa asiyejiweza. Mwaka 1948 akawa tena mtu mwenye akili, tena nyingi kupita kiasi, hata nchi nzima isiweze kukaa naye. Mtu ni yule yule na mafundisho yake ni yale yale. Wala hakuwekwa Lamu kwa muda mfupi. Aliachwa huru uhuru wa Kenya ulipokaribia, baada ya zaidi ya miaka kumi.

Nisimfanye malaika. Wafuasi wa dini ile walishutumiwa kuchoma makanisa na shule, na mwaka 1950 tawi lake la Wapokot likiongozwa na Lukas Pkiech lilipigana na askari huko Kolloa, watu wengi wakafa pande zote mbili, na Pkiech mwenyewe akiwa mmoja wao. Masinde alikuwa Lamu wakati ule, lakini mbegu ilikuwa yake. Maneno yake juu ya watu wa dini nyingine yalikuwa makali, na sioni kwamba jirani zake wote walilala usingizi mzuri. Serikali yo yote ingekuwa na haki ya kumshitaki kwa matendo yaliyovunja sheria. Ninalobishana nalo ni ile miaka miwili ya Mathari.

Uhuru ulipokuja mwaka 1963 wengi walidhani Masinde atapewa kiti cha heshima. Dini ya Msambwa ilipata ruhusa mwaka 1964, lakini mwaka 1968 ikapigwa marufuku tena, safari hii na Serikali ya Waafrika. Masinde hakujua kunyamaza. Aliona kwamba ardhi haikurudi kwa wenyewe kama alivyotarajia, akasema, akafungwa tena mara kadhaa. Katika kesi hizo za baadaye aliitwa mvunja amani na mchochezi, akapewa vifungo vyenye miezi na miaka iliyohesabika. Sijui kama yeye aliona tofauti. Nadhani aliiona, maana alikuwa amekaa mahali pote pawili.

Mwanafunzi wangu wa Kidato cha Tatu aliposikia habari hizi aliuliza swali jingine gumu kuliko la kwanza: daktari atajuaje kama aliyeletwa kwake na polisi ni mgonjwa au ni mbishi? Madaktari wa siku hizi hufundishwa kuuliza kama fikira ya mtu ni yake peke yake au ni imani ya watu wake wengi, kama anaweza kula, kulala, kulima na kukaa na jamaa zake, kama dalili zilikuwako kabla ya kesi. M'Naghten aliogopa maadui ambao hakuna mwingine aliyewaona. Masinde alilalamikia mashamba ambayo kila mtu wa Kimilili angeweza kuyaonyesha kwa kidole.

Elijah Masinde alifariki mwaka 1987, akazikwa nyumbani kwake Maeni, Kimilili. Dk. Carothers alifariki miaka miwili baadaye. Hospitali ya Mathari ingali ikifanya kazi, na mahakama za Kenya hupeleka huko washitakiwa wakapimwe akili, kama zetu zinavyowapeleka Dodoma.