Ambedkar: Wakili aliyenyimwa kamba ya gari la sherehe

MNYONGE mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Methali hii ya wahenga yaweza kuwa muhtasari wa maisha ya Bhimrao Ramji Ambedkar, mwanasheria wa India aliyetumia miaka mingi kupigania jambo ambalo kwa mgeni laonekana dogo: nani ana haki ya kuingia hekaluni na kushika kamba ya gari la sherehe.

Alizaliwa Aprili 14, 1891 katika mji wa kijeshi wa Mhow, akiwa mtoto wa 14 wa askari wa jeshi la Waingereza. Familia yake ilikuwa ya Wamahar, mojawapo ya jamii zilizoitwa wasioguswa. Shuleni alikalia gunia alilotoka nalo nyumbani, na hakuruhusiwa kugusa mfereji wa maji. Alipohisi kiu, ilimbidi amngoje mtumishi wa shule ammiminie. Asipokuwepo, alishinda na kiu yake.

Hata hivyo, alisoma hadi akapata shahada za uzamifu kutoka vyuo vikuu vya Columbia, Marekani, na London, Uingereza, na pia akahitimu uwakili. Aliporejea nyumbani, alitambua kuwa elimu haikumwondolea doa alilopakwa na jamii tangu kuzaliwa.

Machi 20, 1927 aliwaongoza maelfu ya watu wake hadi katika bwawa la umma la Chavdar, mjini Mahad, wakanywa maji. Baraza la mji lilikuwa limekwisha kulifungua kwa wote, lakini kwa maandishi tu. Watu wa matabaka ya juu walilitakasa bwawa hilo, kisha wakaenda kortini kudai kwamba kwa desturi lilikuwa lao. Desemba mwaka huo walipata amri ya muda ya kuwazuia akina Ambedkar wasilikaribie.

Kesi hiyo ilichukua takriban miaka 10. Mnamo Machi 17, 1937 Mahakama Kuu ya Bombay iliamua kwamba walalamishi hawakuthibitisha kuwa desturi waliyoidai ilikuwepo tangu kale. Hapo ndipo uzito wa hoja ulipokuwa: anayesema jambo ni mila ya mababu, sharti alete ushahidi.

Kesi ikiendelea, Ambedkar alikuwa amegeukia hekalu la Kalaram mjini Nashik, ambako kila mwaka waumini husherehekea kuzaliwa kwa mungu Ram kwa kukokota gari la ibada barabarani. Machi 2, 1930 msafara mkubwa wa waandamanaji, wake kwa waume, ulifika langoni. Milango ikafungwa, nao wakapiga kambi nje.

Siku ya sherehe, Aprili 9, pande mbili zilikubaliana kwamba gari lingekokotwa kwa pamoja. Lakini kabla wasioguswa hawajaishika kamba, wenzao walilivuta mbio na kutokomea nalo. Mawe yakarushwa, watu wakajeruhiwa. Mapambano hayo yaliendelea kwa miaka kadhaa bila mafanikio, na mwaka 1934 Ambedkar mwenyewe akashauri yakomeshwe. Aliona afadhali nguvu zielekezwe kwenye elimu na siasa.

Oktoba 1935, akiwa Yeola karibu na Nashik, alitangaza kwamba ingawa alizaliwa Mhindu, hangekufa Mhindu.

India ilipopata uhuru mwaka 1947, mtu huyu aliyefungiwa lango ndiye aliyeteuliwa kuwa Waziri wa Sheria na mwenyekiti wa kamati ya kuandika Katiba. Katiba hiyo, iliyoanza kutumika Januari 26, 1950, ilipiga marufuku desturi ya kutogusana katika kifungu cha 17. Kifungu cha 25 kiliruhusu serikali kufungua mahekalu ya umma kwa Wahindu wa matabaka yote, huku kifungu cha 26 kikizipa jumuiya za kidini uhuru wa kusimamia ibada zao.

Vifungu hivyo viwili vya mwisho viligongana kortini. Katika kesi ya hekalu la Moolky mwaka 1957, Mahakama ya Juu ya India iliamua kwamba lango lifunguliwe kwa Wahindu wote, ila jumuiya yenye hekalu ibaki na haki ya kuendesha baadhi ya ibada zake peke yake.

Ambedkar hakuishi kuisikia hukumu hiyo. Alikuwa ametimiza ahadi yake Oktoba 14, 1956 mjini Nagpur, alipoingia dini ya Buddha pamoja na mamia ya maelfu ya wafuasi. Alifariki dunia mjini Delhi Desemba 6 mwaka huo huo.

Lango alilonyimwa Nashik aliwafungulia wengine kwa kalamu. Yeye mwenyewe, wakati huo, hakuwa akilihitaji tena.